Siku Yake Ilifika: Uteule, Neema na Mahali pa Neno "Lazima"

Neno ajali lilitembea mbali kabla ya kufika kwenye taarifa ya habari ya saa moja jioni. Asili yake ni Kiarabu, na maana yake ya kwanza ni muda uliowekwa, kikomo cha uhai wa mtu. Wazee waliosema "ajali haina kinga" hawakuwa wakizungumzia matairi wala breki. Walimaanisha kwamba saa ya mtu ikifika, imefika. Leo tunasema ajali imetokea Salgaa na kila mtu anaelewa kwamba lori limegonga matatu. Lakini ile maana ya zamani haijaondoka. Imelala chini ya maana mpya, na matangani huamka: "Siku yake ilifika."

Anayeijua barabara ya Nakuru kwenda Eldoret anaujua pia mteremko wa Sachangwan kuja Salgaa. Dereva wa lori anatoa gia na kuliacha gari lishuke lenyewe ili aokoe dizeli. Injini haisaidii tena kulizuia, kwa hiyo uzito wote unaangukia breki. Breki zinapata moto, zinapoteza mshiko, na lori lililojaa mzigo halina kitu kingine cha kulisimamisha. Matangani yatasemwa mambo mawili, mara nyingi na mtu yule yule: siku ya marehemu ilifika, na yule dereva afungwe.

Mtu huyo hajachanganyikiwa. Ameshika ncha mbili za kamba moja ambayo Wakristo na wanafalsafa wameivuta tangu Augustino, askofu wa Hipo, aliyefariki mwaka 430. Ncha moja ni kwamba hakuna linalotokea nje ya mapenzi na ujuzi wa Mungu. Nyingine ni kwamba mtu hutenda kwa hiari yake na atajibu kwa alichotenda. Sehemu kubwa ya ugomvi juu ya kamba hii, naona, huzaliwa pale neno "lazima" linapohamishwa kutoka mahali pake bila mtu kutambua. Ukilirudisha, ugomvi hauishi, ila unabaki ule wa kweli peke yake.

Ukiongoza kikundi cha Biblia, andika ubaoni sentensi hizi mbili, na usiseme kitu kwa dakika tano. Zinahusu Mathayo 26:34, Yesu alipomwambia Petro kwamba kabla ya jogoo kuwika atamkana mara tatu.

Ya kwanza: Ni lazima kwamba, Yesu akijua Petro atamkana, Petro atamkana.

Ya pili: Yesu akijua Petro atamkana, basi Petro hana budi kumkana.

Wengi watasema ni kitu kimoja. Si kitu kimoja. Sentensi ya kwanza ni kweli kwa sababu ya maana ya kujua: huwezi kujua jambo ambalo si kweli, ukikosea, hukujua, ulidhani tu. "Lazima" yake imekaa kwenye kiungo, pale "akijua" inaposhikana na "atamkana". Sentensi ya pili imeichukua hiyo lazima na kumtwika Petro mabegani, na hakuna kitu katika ya kwanza kinachoruhusu uhamisho huo. Boethius, mwanafalsafa Mkristo wa Roma, aliliona hili akiwa kizuizini akingoja kuuawa, karibu mwaka 524. Alitoa mfano wa mtu anayetembea: ukijua kwamba mtu anatembea, ni lazima awe anatembea, lakini hakuna aliyemlazimisha kutembea. Walimu wa Enzi za Kati wakatofautisha ulazima wa kufuatana na ulazima wa kile kinachofuata, na baadaye Leibniz, mwanafalsafa wa Ujerumani, akauita wa kwanza ulazima wa sharti na wa pili ulazima kamili.

Hapa wengi hufunga kitabu mapema mno. Atatokea mwanafunzi mkali aulize: lakini ujuzi huo ulikuwapo jana, na ya jana hayabadiliki, basi linalofuata kutoka kwa lisilobadilika nalo halibadiliki. Amelenga palipo pagumu. Zile sentensi mbili za ubaoni hazimjibu. Boethius alimjibu kwa kusema Mungu hana jana: umilele ni kuwa na uhai wote usio na mwisho kwa mara moja, kwa hiyo Mungu hatazami mbele kama nabii, anaona kama anayesimama juu ya kilima na kuona barabara nzima. William wa Ockham, katika karne ya 14, alipita njia nyingine: si kila jambo linalotajwa kwa wakati uliopita limekwisha kupita kwelikweli. "Jana ilikuwa kweli kwamba kesho utasafiri" inasikika kama ya jana, lakini inategemea kesho. Mimi naona jibu la Ockham lina nguvu zaidi darasani, kwa sababu halimtaki mwanafunzi awaze umilele kabla ya kuwaza sentensi.

Hata hivyo tumetetea ujuzi tu. Uteule ni zaidi ya ujuzi: Mungu hajui tu nani ataokoka, anaamua.

Na msomaji wa Kiswahili ana shida ambayo msomaji wa Kigiriki hana. Katika Biblia ya Union, Waefeso 1:4 inasema "alivyotuchagua katika yeye kabla ya kuwekwa misingi ya ulimwengu", na mstari unaofuata unasema "alitangulia kutuchagua". Warumi 8:29 nayo: "Maana wale aliowajua tangu asili, aliwachagua tangu asili wafananishwe na mfano wa Mwana wake." Kuchagua, kuchagua, kuchagua. Kumbe kitenzi cha Waefeso 1:4 si kile cha 1:5. Cha kwanza ni kuteua, kumtoa mmoja miongoni mwa wengi. Cha pili, ambacho ndicho kiko pia Warumi 8:29, kimejengwa juu ya neno la mpaka: kupima na kuweka mpaka mapema, kama mpima ardhi anavyopigilia bikoni kabla nyumba haijaanza. Swali la kwanza la kitenzi hicho ni watu wanaelekezwa wapi, na Paulo anajibu hapo hapo: wafananishwe na Mwana. Kikundi kinachosoma "aliwachagua" kinaingia moja kwa moja kwenye swali la nani alichukuliwa na nani aliachwa. Swali hilo lipo, na Warumi 9 haikwepeki. Lakini 8:29 inaanzia pengine.

Kuna hoja nyingine inayozunguka Ziwa Victoria lote. Ni hoja ya mvivu. Ndivyo watu wa kale walivyoiita. Cicero, mwandishi wa Kirumi, aliieleza mwaka 44 KK, na Leibniz akaiweka mwanzoni kabisa mwa kitabu chake cha 1710 juu ya haki ya Mungu. Inakwenda hivi. Ikiwa imeamuliwa upone, utapona uende hospitali usiende. Ikiwa imeamuliwa usipone, hutapona uende usiende. Moja kati ya hayo mawili limeamuliwa. Basi hospitali ni kazi bure. Huku kwetu husikika juu ya neti: aliyeandikiwa malaria ataipata tu. Wengine huitilia nguvu kwa methali, liandikwalo ndilo liwalo.

Kosa lake liko kwenye maneno "uende usiende". Chrysippus, mwanafalsafa wa Kistoa wa karne ya 3 KK, alionyesha kwamba mambo mengine yameamuliwa pamoja. Kama imeamuliwa mama azae, haikuamuliwa azae alale na mume asilale. Kama imeamuliwa mtoto apite msimu wa mvua bila homa, huenda iliyoamuliwa ni hii: apite kwa sababu neti ilichomekwa chini ya godoro kila usiku na tundu la upande wa ukutani likashonwa. Uamuzi haukuruka njia ukafika mwisho. Ulizishika njia zote.

Ndiyo maana nashauri mafundisho haya yaanze na Matendo 27, si Warumi 9. Merikebu ina watu 276. Paulo amekwisha kuambiwa na malaika, naye amewatangazia: "hapana hata nafsi moja miongoni mwenu itakayopotea, ila merikebu tu." Ahadi haina sharti lolote. Kisha mabaharia wanashusha mashua wakijifanya wanatia nanga, wapate kutoroka. Paulo yule yule anamwambia akida na askari: "Hawa wasipokaa ndani ya merikebu hamtaweza kuokoka." Askari wanakata kamba, mashua inaanguka. Mvuvi wa Dunga au Usenge haoni mgongano hapo, maana anajua kwamba chombo kisicho na mabaharia mawimbi yakija ni kifo. Ahadi ilikuwa na mabaharia ndani yake tangu mwanzo. Kikundi kikiielewa sura hii vizuri, hakitakuwa kimemaliza Warumi 9, lakini kitakuwa kimeacha uvivu mlangoni.

Sasa twende kwenye uamuzi wenyewe. Mwaka 1699 Gilbert Burnet, askofu wa Salisbury, alichapisha maelezo ya Vifungu 39 vya Kanisa la Uingereza, vifungu vile vile vilivyokuwa katika mizigo ya wamisionari wa CMS walioanza kazi Maseno mwaka 1906. Kifungu cha 17 ndicho cha uteule. Huko Berlin, Daniel Ernst Jablonski, mhubiri wa kasri, akayatafsiri kwa Kilatini maelezo ya kifungu hicho, na Leibniz, aliyekuwa Hanover, akayaandikia maoni aya kwa aya. Wawili hao walitaka Walutheri na Wareformed (wafuasi wa Calvin) wa Ujerumani waungane, na waliona kwamba kizuizi kikubwa ni hapa.

Burnet anapanga maoni manne. Wa kwanza wanasema, katika mpangilio wa fikra za Mungu, anaanza kwa kuamua baadhi waokolewe na wengine wapotee. Kisha anaamua kuumba. Kisha anaruhusu anguko. Kisha anamtoa Kristo. Wa pili wanaanza na kuumba, kisha anguko, ndipo kutoka kwa watu walioanguka Mungu anateua baadhi kwa rehema na kuwapita wengine kwa haki. Wa tatu, Waremonstranti waliomfuata Arminius, mwanateolojia wa Uholanzi, wanasema Mungu aliamua kuwaokoa waaminio, naye alijua mapema nani ataamini. Wa nne, Wasosini, walikana kwamba Mungu anayajua kwa hakika matendo huru yajayo, hao nawaacha.

Tofauti ya wa kwanza na wa pili inaonekana ni kupanga upya mistari. Iangalie kwa karibu. Mungu anapomkataa mtu, anamtazama nani? Katika mpango wa kwanza anamtazama mtu ambaye hajaumbwa na hana hatia. Katika wa pili anamtazama mkosaji. Uzito wote wa kimaadili umekaa kwenye mstari huo mmoja. Sinodi ya Dort, baraza la Wareformed huko Uholanzi lililoketi kuanzia Novemba 1618 hadi Mei 1619, iliandika kanuni zake kwa lugha ya mpango wa pili, ingawa haikuwafukuza wa kwanza. Kifungu cha 17 kina busara ya aina yake: kinazungumza juu ya kuteuliwa kwa uzima tu, hakitaji popote kuteuliwa kwa mauti, na kinaonya kwamba kumwekea mtu mdadisi wa kimwili hukumu ya uteule mbele ya macho yake daima ni hatari, maana huweza kumwangusha katika kukata tamaa au katika maisha ya uchafu asiyoyajali. Ungamo la Westminster, ambalo Wapresbiteri wa PCEA wamelirithi kutoka Scotland, linakwenda mbali zaidi katika sura ya 3, lakini hapo hapo katika aya ya kwanza linasema amri ya Mungu haivunji utashi wa viumbe wala haiondoi uhuru wa visababishi vya pili. Wasomao sura hiyo kwa haraka huiruka sentensi hiyo, na wakiiruka wamebaki na kitu kingine kabisa.

Leibniz aliona orodha zote hizi zina kasoro moja: zinaukata uamuzi wa Mungu vipande vipande kana kwamba anaamua jambo hili, anapumzika, anaamua lile. Kwake Mungu anautazama ulimwengu mzima unaowezekana, pamoja na historia yake yote, na kuulinganisha na ulimwengu mwingine wote unaowezekana. Uamuzi ni mmoja: huu uwepo. Hakuna amri ya Yuda kando ya amri ya Petro.

Hapo anachukua kitu kutoka kwa Mjesuiti Luis de Molina, ambaye mwaka 1588 alichapisha Lisbon kitabu cha kupatanisha hiari na neema. Molina alisema kati ya Mungu kujua yote yawezekanayo na kujua yote yatakayokuwapo kuna ujuzi wa kati: anajua kila kiumbe huru angefanya nini katika kila hali. Ushahidi aliopenda ni 1 Samweli 23. Daudi yuko Keila, Sauli anakuja. Anauliza kama watu wa mji watamtia mkononi mwa Sauli. Bwana anasema watamtia. Daudi anaondoka na watu wake wapatao 600, na tukio hilo halitokei kamwe. Mungu alijua jambo ambalo lingekuwa na halikuwa. Wadominiko wakiongozwa na Domingo Báñez walipinga: kama Mungu hakuamua watu wa Keila wangefanya nini, nao hawakufanya, basi kinachoifanya kuwa kweli ni nini? Tume ya Roma ililisikiliza shauri hilo kuanzia 1598 hadi 1607, kisha Papa Paulo wa 5 akalifunga bila kuamua, akizuia kila upande kuuhukumu mwingine. Naona alifanya vyema. Swali la Báñez bado halijapata jibu linaloridhisha pande zote.

Jibu la Leibniz ni kwamba ukweli huo umo katika dhana kamili ya kila mtu, iliyoko katika akili ya Mungu kabla ya uamuzi wowote. Mwaka 1686 aliuliza swali la Yuda kwa namna ambayo sijaona iliyo safi kuliko hiyo. Watu huuliza: kwa nini Yuda anatenda dhambi? Kwa sababu hataki kuacha. Hiyo ni hiari yake na jibu ni lake. Swali linalomhusu Mungu ni jingine: kwa nini Yuda huyu, ambaye dhana yake ina usaliti huo, ameruhusiwa kuwapo badala ya wengine wengi waliowezekana? Mungu haamui kama Yuda atende dhambi. Anaamua kama Yuda atakayetenda dhambi awepo. Na sababu, asema, ni kwamba ulimwengu wenye Yuda huyo, kwa jumla yake, una wema zaidi, ingawa sisi hatuwezi kuonyesha kwa kina jinsi gani.

Lakini je, kama usaliti umo katika dhana ya Yuda, haukuwa lazima? Lazima imerudi kwa mlango wa nyuma, na Leibniz alijua. Novemba 1676 alikwenda The Hague akazungumza na Spinoza, aliyefundisha kwamba vitu havikuweza kutoka kwa Mungu kwa namna nyingine yoyote. Spinoza alitoa mfano wa jiwe lililorushwa: lingekuwa na fahamu, lingeamini linaruka kwa kupenda kwake, kwa kuwa linajua hamu yake na halijui kilicholirusha. Leibniz alikiri baadaye kwamba alikaribia sana kuona kila kitu ni lazima kabisa, na kilichomrudisha kutoka ukingoni ni kuwaza mambo yanayowezekana ambayo hayapo, hayakuwapo wala hayatakuwapo.

Namna alivyojitetea inaeleweka kwa fundi seremala. Chora mraba wenye upande wa mita 1, upime ulalo. Tepu inasema mita 1 na sentimita 41 na kitu. Ukikokotoa unapata 1.41421356, na tarakimu zinaendelea bila kwisha wala kujirudia kwa mpangilio. Ulalo upo, umekamilika, unaugusa kwa kidole, lakini hakuna sehemu ya upande inayoweza kuugawa ikaisha. Leibniz akasema kweli za lazima ni kama hesabu inayoisha: unaichambua mpaka unafika kwenye jambo ambalo kulikana ni kujipinga. Kweli za matendo huru ni kama ulalo: uchambuzi hauna mwisho, na hata Mungu hauoni mwisho wake, kwa sababu haupo, anauona mfululizo wote kwa mara moja. Kwa hiyo sababu za mtu humwinamisha bila kumlazimu. Wapo wanaosema huu ni ujanja wa hesabu, kwamba urefu wa uchambuzi hauniongezei uhuru. Nawaelewa. Ila unafanya kazi moja kubwa: unaonyesha kwamba kuwa na sababu na kuwa na lazima ni vitu viwili, na mtu anayekataa hilo inambidi aseme tendo huru ni tendo lisilo na sababu, yaani bahati nasibu.

Descartes, mwanafalsafa wa Ufaransa, hakujaribu kwenda mbali hivyo. Mwaka 1644 aliandika kwamba tunajua kwa hakika mambo yote mawili, kwamba Mungu alitangulia kupanga yote na kwamba sisi tuko huru, na akili yetu ndogo haitoshi kuona yanavyoshikana. Januari 1646 alimpa Binti Mfalme Elisabeth mfano. Mfalme amepiga marufuku kupigana kwa panga. Anawajua mabwana wawili wa miji tofauti, wanaochukiana kiasi kwamba wakikutana watapigana tu. Anamwagiza mmoja aende mji wa pili siku fulani, na huyo wa pili aje wa kwanza siku hiyo hiyo. Wanakutana, wanapigana. Mfalme alijua, tena alipanga wakutane, lakini hakuwalazimisha, na anaweza kuwaadhibu kwa haki. Sikubaliani na sehemu ya mwisho. Mwenye lori akimpa dereva anayemjua kuwa hutoa gia safari ya kuteremka Salgaa usiku, Nakuru nzima itataka mwenye lori naye aitwe mahakamani. Mfano unaokoa hiari ya wale wawili. Wema wa mfalme unabaki bila utetezi, na huo ndio aliouhangaikia Leibniz.

Nicolas Malebranche, padre wa Paris, aliandika mwaka 1680 juu ya asili na neema, na kitabu chake kinapaswa kusomwa Kisumu kuliko popote. Swali lake: kwa nini mvua hunyesha baharini na mchangani, mahali ambapo hakuna aliyepanda, kama ilivyo katika mashamba? Jibu: Mungu hutenda kwa kanuni chache za jumla, njia sahili, kwa sababu hizo zinafaa hekima yake. Hanyeshei shamba hili kwa kulikusudia pekee. Tazama ziwa letu. Mchana nchi kavu inapata joto, upepo unatoka ziwani kwenda juu, mawingu yanajikusanya kwenye miinuko ya Nandi na Kericho, na alasiri mvua inanyesha kwenye majani chai. Usiku nchi inapoa, upepo unageuka, hewa inakutana juu ya maji, na radi zinapiga ziwani, mbali na mahindi yote. Sehemu kubwa kabisa ya maji ya ziwa hutoka kwa mvua inayonyesha juu ya ziwa lenyewe. Na maji yale yaliyobariki chai huko juu ndiyo yanayoteremka na Nyando na kuingia nyumbani kwa watu Ahero. Kanuni ni ile ile. Mungu, asema Malebranche, hakutaka nyumba ya Ahero ijae maji. Alitaka kanuni, na kanuni ina gharama.

Kisha akafanya jambo la ujasiri: akasema neema nayo hunyesha hivyo. Kristo, kwa nafsi yake ya kibinadamu, hutaka Kanisa lijengwe, na matakwa hayo ndiyo yanayoamua neema ianguke wapi. Kwa kuwa nafsi hiyo haiwazi kila moyo kwa wakati mmoja, neema nyingine huangukia moyo mgumu na kupotea kama mvua ya ziwani, na moyo uliokuwa tayari hukosa. Arnauld, mwanateolojia wa Paris, alimpinga kwa ukali, na mwaka 1690 kitabu kikawekwa Roma katika orodha ya vitabu vilivyokatazwa. Kuhusu mafuriko nadhani Malebranche amesema kitu cha kweli ambacho mahubiri yetu hukikwepa. Kuhusu neema siwezi kumfuata. Mchungaji aliyewaacha 99 akamtafuta mmoja hakutenda kwa kanuni ya jumla.

Neema basi. Hapa makosa yetu ya magharibi mwa Kenya yako upande mwingine. Katika viwanja vya krusedi husikika: wewe chukua hatua ya kwanza, Mungu atamalizia. Wanaosema hivyo hudhani wanamfuata Wesley dhidi ya Calvin. La. Sinodi ya Orange ya mwaka 529 iliamua kwamba hata mwanzo wa imani, hata ile hamu ya kuamini, ni kazi ya neema. Na sinodi hiyo hiyo ikawalaani wanaosema kuna watu walioteuliwa na Mungu kwa uovu. Arminius alikubali hivyo. Vifungu vya Waremonstranti vya mwaka 1610 vinasema wazi kwamba mtu hana imani hiyo kutoka kwake, na kwamba bila neema hawezi kuwaza wala kutaka jema. Wanachoongeza ni kwamba neema inaweza kupingwa. Wesley aliiita neema inayotangulia: inamfikia kila mtu kabla hajataka, nayo ndiyo inayomwezesha kutaka. Jeshi la Wokovu, aliloanzisha William Booth aliyekuwa mhudumu wa Kimethodisti, limeurithi ukoo huo. Hatua ya kwanza si yako hata kwa Wesley. Mhubiri anayesema ni yako amerudi kwa Pelagio, aliyefundisha kwamba mtu anaweza kutenda mema kwa nguvu zake mwenyewe, na ambaye mafundisho yake yalihukumiwa Karthago mwaka 418.

Pascal, mwaka 1656, aliona shimo la upande wa pili. Wadominiko wa Paris walisema kila mtu ana neema inayotosha, ila hakuna atakayetenda bila neema nyingine, iliyo tendaji, na hiyo hawapewi wote. Inatosha vipi, aliuliza, ikiwa haitoshi? Ni kama kumwambia abiria stendi ya Kisumu kwamba nauli yake ya Kakamega inatosha, lakini gari haliondoki bila malipo mengine ambayo hana. Wadominiko wangejibu kwamba uwezo si tendo: mwenye macho mazima anaweza kuona hata gizani, anachokosa ni mwanga. Jibu hilo lina akili, na bado halimfikishi abiria Kakamega.

Marafiki, yaani Waquaker, walifika Kaimosi mwaka 1902 wakiwa na fundisho ambalo Robert Barclay, Mskoti, alilitetea kwa Kilatini mwaka 1676. Barclay alikataa kabisa kwamba Mungu amewapita watu fulani. Kila mtu, alisema, hupewa siku yake, muda wa kujiliwa, kama Yesu alivyoulilia mji: "hukutambua majira ya kujiliwa kwako." Kwa wengine siku hiyo ni ndefu, kwa wengine fupi, na inaweza kuisha kabla ya kifo. Katika siku hiyo Nuru inamgusa mtu bila yeye kuiita. Anatoa mfano wa watu walioanguka katika shimo lenye giza, waliopigwa na bumbuazi hata hawahisi hali yao. Mwokozi anakuja, anawatikisa wazinduke, anawashika ili awatoe. Hawawezi kujivuta wenyewe. Wasipopinga, watatoka.

Ni "siku yake" nyingine hiyo, inayofika mtu akiwa hai. Na mkono ukiwa umekwisha kumshika, kinabaki kile ambacho Báñez, Molina na Leibniz wangemuuliza Barclay kila mmoja kwa lugha yake: kule kutopinga, wakati wa pembeni yake anapinga, kumetoka wapi?